Dari Iliyopigwa kwa Barua

11 Januari

Mdogo wangu Injinia,

Pokea salamu za nyumba nzima, kuanzia kwa Mama hadi kwa kuku wake wawili waliobaki. Goti la Mama limetulia, mdomo ndio haujatulia. Mimi cherehani inazunguka tu. Nimeshona sare za shule wiki tatu mfululizo hadi nikifumba macho naona vifungo. Jirani yetu Redio naye hajambo, bado anatangaza habari za watu bure.

Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu kila nikikupigia unasema uko juu ya ngazi, utanipigia ukishuka. Ngazi gani hiyo, mdogo wangu, mtu anaipanda miaka saba hashuki? Barua itakungoja chini.

Ni habari ya baraza. Unakumbuka Marehemu Baba alipoezeka lile paa aliacha kenchi, zile mbao za kubeba paa, wazi, akasema dari mtapiga wenyewe mkikua. Naona bado tunakua. Jumapili iliyopita alikuja mwalimu mstaafu wa nyumba ya pili, yule aliyetufundisha hesabu kwa fimbo. Chai imemiminwa, watu wametulia, mjusi akachomoka kwenye kenchi akatua ndani ya kikombe cha mwalimu. Angekufa humo ingekuwa nafuu. Alitoka mzima akamkimbilia mwalimu kifuani, na mwalimu akasema maneno ambayo sisi tungechapwa kwa kuyafikiria tu. Kesho yake ikawa zamu ya nyigu. Wamejenga juu ya mlango, na mmoja amemuuma Mama kwenye kope. Siku nne alikuwa anatutazama kwa jicho moja, na hilo moja lilikuwa kali kuliko mawili.

Nikamwambia nitaleta fundi apige dari. Akanijibu, "Fundi gani? Mimi fundi nimemzaa. Dari ya baraza langu atapiga Injinia, mwingine hapandi." Ile picha yako, umesimama chini ya dari ya ukumbi na kofia ya kazi kichwani, ameitundika sebuleni. Anayekuja kuomba chumvi lazima aione kwanza.

Sikufichi, inaniuma. Miaka tisa niko hapa. Nimebadilisha bati nne za jikoni, nimechimba mtaro, nimepaka ukuta chokaa, yote kwa mikono hii. Mtu akiisifu nyumba, Mama anasema, "Subirini Injinia aje." Sijawahi kumsikia akisema, "Hii kafanya binti yangu," hata kwa bahati mbaya.

Basi chagua moja. Njoo upige dari, au niandikie inavyopigwa, niipige mimi. Duka la vifaa lina vile vibao vyeupe vya plastiki, virefu, vinavyoingiana ubavuni. Nami safari hii nataka Mama aone ni nani aliyepanda juu.

Dada yako,
Mkasi (jina ulilonipa wewe, nami nimelizoea)

20 Februari

Dada yangu Mkasi,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta una nguvu, na Mama ana nguvu, na kuku pia. Mimi ni mzima ila kazi zimenielemea. Niwie radhi kwa kuchelewa. Tulikuwa kwenye jengo la ghorofa nane, na unajua ghorofa nane ni dari nane.

Habari ya jicho la Mama imenisikitisha sana. Mwambie nampenda. Habari ya mwalimu haikunisikitisha.

Kuja sitaweza kwa sasa. Nikitoka hapa hata siku mbili, kazi yote inasimama, wakubwa wananiangalia mimi. Lakini nitakuelekeza. Chukua vibao vya mita tatu, unene milimita saba, upana sentimita ishirini. Boksi moja lina vibao kumi. Vihifadhi mahali pakavu, vilazwe, visisimamishwe, na visipangwe zaidi ya maboksi kumi na mawili kwenda juu. Rangi nyeupe haichuji. Ukishavipata pima, kata, weka, kaza. Siri ya dari ni kukaza.

Swali lolote, uliza. Nawasalimia majirani wote, hata Redio.

Mdogo wako,
Injinia

6 Machi

Injinia,

Marahaba. Sisi hatujambo. Mama ameanza kutembea bila fimbo, kwa ajili yako. Tangu nimsomee barua yako (herufi hazioni tena hata nikiziandika kubwa kama malimao), amekwenda nyumba saba kutangaza kwamba umeanza kazi. Redio aliikuta habari imeshazeeka, akakasirika.

Vibao nimenunua, maboksi matatu. Nimevilaza mahali pakavu, sikuvisimamisha. Kuhusu kutopanga zaidi ya maboksi kumi na mawili nimejitahidi sana.

Papi, zile mbao nyembamba za kukingamisha chini ya kenchi, nimeshazipigilia. Pembeni nimefunga zile reli zenye mfereji, zinazopokea ncha za vibao. Nyigu nimewahamisha kwa moshi. Wawili walikata rufaa, na mkono wangu wa kushoto ndio uliosikiliza kesi.

Sasa maswali, na unijibu moja moja kama mtu mzima.

Kibao kiguse ukuta, au niache nafasi? Mimi ni mshonaji. Sijawahi kukata nguo bila kuacha ya ziada, maana mwili hupumua. Moyo unaniambia niache kidogo, ila fundi ni wewe.

Msumari niuzamishe wote au niuache legelege? Kwenye ukingo wa kibao kuna vitundu virefu, na msumari unacheza humo kushoto na kulia.

Na mwenye duka amenipa vibao vingine vina vijitundu vingi kama kifuniko cha chupa ya chumvi. Vya nini?

Nakungoja nikiwa na nyundo mkononi.

Mkasi

2 Aprili

Dada yangu mpendwa, nguzo ya nyumba, mlezi wetu baada ya wazazi,

Shikamoo, shikamoo tena. Mimi huku ni mzima isipokuwa kikohozi kidogo cha vumbi. Hali ya hewa ni nzuri, asubuhi baridi, mchana jua, jioni baridi tena. Watu wa huku wanakusalimu ingawa hawakujui. Chakula kipo. Viatu ulivyonitumia mwaka juzi bado vinanifaa. Mama asitembee sana, nyumba saba ni nyingi.

Kuhusu maswali yako, Dada, nimecheka kidogo, usikasirike. Plastiki si kitambaa. Gauni huachiwa nafasi kwa kuwa anayelivaa anakula, ananenepa. Dari haili. Banisha kibao ukuta kwa ukuta, asipite hata sisimizi. Msumari ugonge mpaka kichwa kizame, ulegevu ni ugonjwa wa mafundi wa mitaani. Vile vijitundu ni mapambo tu, weka unapopenda.

Fanya hivyo na baraza lenu litafanana na ukumbi ule wa kwenye picha. Nina haraka, wananiita juu.

Mdogo wako,
Injinia

17 Mei

Injinia,

Sote wazima. Nitafupisha salamu leo kwa sababu nina mengi, na mengine hutayapenda.

Nilifanya ulivyosema. Siku mbili na nusu nilikuwa juu ya meza, meza juu ya tofali, shingo imepinda kama bomba la sinki. Nilibanisha. Nilikaza. Sisimizi mmoja alikuja kujaribu akarudi kwao. Nilipomaliza nikashuka kutazama, na wallahi, mdogo wangu, ilikuwa nzuri. Nyeupe, imenyooka. Nilimleta Mama kwa mkono. Akainua uso, machozi yakamtoka. Nikajiweka tayari. Nikasema leo ndiyo leo.

Mama akasema, "Mwanangu mimi! Amepiga dari kwa barua!"

Nilikuwa na vumbi la mbao kwenye nyusi, na kidole gumba kimepigwa nyundo hadi kimekuwa cha rangi ya zambarau. Ndivyo nilivyosimama pale. Akaita majirani. "Yuko huko mbali, lakini mkono wake umefika." Mkono wako, Injinia! Mkono wenyewe uliokuwa umefika ulikuwa unamshika bega asianguke.

Siku ya tatu jua liliwaka. Ikasikika ta, ta, ta, kama mtu anavunja kuni. Kufika saa nane mchana dari imetoa tumbo, tena tumbo la mwenye cheo. Mwalimu alikuwa ameshawishiwa kurudi, ameapiwa kwamba hakuna mjusi tena, naye amekaa na kikombe chake amekifunika kwa kiganja. Kibao kimoja kikafyatuka kwenye reli kikampiga miwani ikaruka hadi kwenye maua. Hakusema kitu safari hii. Alikwenda kuiokota, akaenda kwao moja kwa moja.

Unajua Mama alisema nini? "Mkasi, hukuisoma barua vizuri."

Nikabeba kile kibao hadi duka la vifaa. Mwenye duka alisikiliza, akaweka kalamu chini, akacheka mpaka akashika kaunta. Plastiki ikipata joto inarefuka, alinieleza, ikikosa pa kwenda inajikunja. Unaacha upana wa kidole kidogo kila upande, reli inaficha. Msumari unakaa katikati ya kile kitundu kirefu na hauzamishwi, ili kibao kiteleze. Vile vijitundu ni vya kupitisha hewa kutoka chini ya paa, visipokuwepo joto linajaa humo kama sufuria. Akaniuliza nani alinifundisha kubanisha. Nikamwambia ni fundi wa dari wa mjini. Akasema, "Huyo dari anaziona akiwa amelala chali."

Nilirudi nyumbani nikazitoa barua zako nikazisoma zote mbili tena. Unene wa milimita saba, ndiyo. Upana sentimita ishirini, ndiyo. Rangi haichuji, vilazwe, visizidi maboksi kumi na mawili. Kila ulichokijua, Injinia, kimeandikwa ubavuni mwa boksi. Nimelitazama boksi, hata mpangilio wa maneno ni uleule.

Nimebomoa yote, nikakata upya, nikapiga upya. Jua limewaka wiki mbili na dari haijatikisika. Mama kaitazama, akasema, "Sasa umefuata barua."

Sikuulizi kazi unayofanya huko. Hilo ni lako. Nataka kitu kimoja tu. Mwandikie Mama barua, kwa mkono wako, umwambie nani kapiga dari ya baraza lake. Mstari mmoja unanitosha.

Dada yako

25 Juni

Salamu.

Sisi wazima. Dari nayo nzima. Mama anauliza mbona barua haziji, nami nimemwambia bado uko juu ya ngazi.

Nangoja.

14 Julai

Dada,

Shikamoo. Nimeanza barua hii mara nne. Ya kwanza ilikuwa na salamu kurasa mbili, nikaona hata wewe ungejua nazunguka.

Mimi ni mlinzi wa ghala la vifaa vya ujenzi. Nakaa kwenye kiti getini, nahesabu maboksi yakitoka na yakiingia. Ndiyo, nasoma ubavuni. Siku nyingine hakuna kingine cha kusoma.

Nilipofika huku nilichukuliwa kweli kwenye kazi ya dari. Ya kwanza niliyopiga ilikuwa ya ofisi ya msimamizi mwenyewe. Ilikaa siku moja. Siku ya pili msimamizi alikuwa chini yake anakunywa chai, na unaweza kumalizia mwenyewe. Aliniambia nina adabu nzuri, nitafaa getini. Ile picha nilipigwa ukumbini siku tulipopeleka mzigo, na kofia ni ya dereva.

Nilikuwa nimeshawaandikia kwamba nimepata kazi ya dari. Barua ilikuwa njiani. Nilikusudia kuwaeleza, kisha Mama akaanza kuniita Injinia, na Dada, wewe humjui Mama akikusifu. Sisemi kwa kejeli, ni kweli humjui. Ni vigumu sana kumwambia aache.

Ulipouliza kuhusu nafasi nilijua ningeweza kumuuliza mpakiaji yeyote hapa akanijibu. Niliona aibu mlinzi kuuliza mambo ya dari. Hata sisimizi niliwatunga tu. Ninapofikiria gumba lako, na Mama akikwambia hukusoma vizuri, nakosa pa kuweka uso. Nisamehe.

Ndani ya bahasha kuna barua ya Mama. Usiisome wewe, atasema umeitunga. Mpe mwalimu aisome, sauti yake haina utani. Nimeandika yote. Kwamba sijui kupiga dari. Kwamba yako ndiyo iliyosimama na yangu ndiyo iliyoanguka. Kwamba kila kitu kwenye nyumba ile ni wewe.

Mdogo wako

9 Agosti

Mdogo wangu,

Marahaba. Mama ni mzima, goti halimsumbui. Mimi gumba limepona, kucha mpya imeota imepinda kidogo lakini yafaa.

Barua yako ilifika Alhamisi. Niliiweka kabatini siku mbili nikiiangalia, maana nilikuwa nimeitamani miaka mingi na nikaogopa kuifungua. Jumamosi nikampa mwalimu. Alikuja na mkewe na miwani mpya, akakaa barazani, chini ya dari yangu, kikombe hakukifunika. Redio alipita njia kwa bahati, akapita tena, mwisho akaletewa kiti.

Mwalimu aliisoma kwa ile sauti ya matokeo ya mtihani. Hakuruka hata nukta. Alipofika kwenye "Mama, mimi si fundi, ni mlinzi wa geti," Redio alifumbata mdomo kwa mikono miwili. Alipofika kwenye "dari hiyo, na bati za jikoni, na kila kilichosimama hapo, ni kazi ya Dada," mimi nililia, mdogo wangu. Sikujizuia. Ulivyoandika ilikuwa sawa kabisa na nilivyotaka, na zaidi.

Mwalimu akaikunja barua. Mama alikuwa ameinamisha kichwa. Akakiinua taratibu, akatutazama mmoja mmoja, uso unang'aa.

"Mmesikia?" akasema. "Mmemsikia mwanangu alivyo na unyenyekevu? Mtu mkubwa namna ile, anajiita mlinzi! Sifa zake zote anampa dada yake asijisikie vibaya."

Mwalimu alivua miwani. Redio, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, hakuwa na la kutangaza. Mimi nilicheka huku bado nalia hadi mke wa mwalimu akanipiga mgongoni akidhani nimepaliwa. Mama akaniambia, "Umeona? Na wewe ujifunze unyenyekevu."

Sasa nisikilize vizuri. Nimekusamehe, hilo limekwisha, usilirudie. Umesema kweli yote na haikusaidia, na nimeelewa kwamba hakuna maneno yatakayomtoa Mama pale alipo, si yako wala yangu. Ameona kila kitu kwa masikio tangu uondoke. Itabidi aone kwa macho.

Kwa hiyo alipolala mchana nilikaa nikafikiri, na alipoamka nikamwambia Injinia anaomba ruhusa aje apige dari ya chumba chake cha kulala, kama zawadi kwa mama yake. Alifurahi mpaka akasahau kunisema. Vibao nimeshanunua, vimelala mahali pakavu. Amekwisha kuchagua kiti atakachokalia, anasema hatatoka hapo mpaka kibao cha mwisho, ataleta na mto wa mgongo. Ameomba ruhusa kazini kwako, yaani ameniamuru niombe. Walinzi nao wana likizo, nimeuliza.

Utafika, utapewa nyundo, utapanda. Mimi nitakaa pembeni ya Mama, mikono mapajani, sitasema neno. Ukikwama, na utakwama kwenye kibao cha kwanza, usinikonyeze wala usijifanye unakohoa. Nitakufundisha, tena vizuri, hadi uondoke hapa fundi wa kweli na msimamizi wako akutoe getini. Ila utaniomba. Utasema, "Dada, sijui, nionyeshe," ukiwa juu pale, kwa sauti, na Mama anatazama.

Basi la Jumatano ndilo lina nafasi.

Dada yako